Somo la 12: Siku Tisini

Tuchukue mfano wa mama mmoja. Jina lake hatulitaji, kwa sababu akina mama wa namna yake ni wengi katika vijiji vilivyo chini ya Mlima Hanang. Mume wake amefariki. Ameachiwa watoto wanne na shamba la ekari sita. Shamba hilo mume wake alilifyeka mwenyewe kwa shoka na panga. Ekari nne analima mahindi na maharage. Ekari mbili za upande wa magharibi analima alizeti. Hizo mbili zinapakana na malisho ya kijiji.

Mama huyu alijifunza kusoma akiwa mtu mzima. Siku moja mwalimu wa darasa aliwasomea habari za hati ya hakimiliki ya kimila. Hiyo ni karatasi inayotolewa na halmashauri ya kijiji. Inaonyesha kuwa shamba fulani, lenye mipaka fulani, ni la mtu fulani. Mama akaomba fomu, akaijaza kwa mkono wake, akaipeleka ofisi ya kijiji tarehe 12 Machi.

Wiki mbili zikapita. Akaenda kuuliza.

"Shikamoo, mama," alisema mtendaji, ambaye ni kijana.

"Marahaba, mwanangu. Nimekuja kwa ile fomu yangu."

"Fomu yako tunayo, mama. Halmashauri bado haijakaa. Njoo wiki ijayo."

Wiki iliyofuata mtendaji alikuwa amekwenda Katesh kwenye semina. Iliyofuata tena, mwenyekiti alikuwa na msiba. Mwezi wa Aprili mvua zilikuwa nyingi na wajumbe walikuwa mashambani. Mwezi wa Mei mama akaambiwa: "Suala lako linashughulikiwa." Neno hilo "linashughulikiwa" sote tunalijua. Mtu akishaambiwa hivyo hana la kuuliza tena.

Huku nyuma mambo yalikuwa hayasimami. Shemeji yake alianza kusema kwamba shamba ni la ukoo, na mwanamke hana shamba. Wafugaji wa jirani walisema kwamba zile ekari mbili za alizeti ni njia ya ng'ombe tangu zamani, na zihesabiwe kuwa malisho. Kisha akaonekana mtu kutoka mjini, akipima kwa hatua mpaka wa chini. Alipoulizwa, alijibu kwamba anatazama tu.

Kwa nini halmashauri ilikuwa kimya? Si kwa sababu wajumbe walikuwa watu wabaya. Waliogopa. Wakimpa mama ekari zote sita, wafugaji watanuna. Wakikata njia ya ng'ombe, mama atalia. Wakimsikiliza shemeji, sheria itawashika. Basi wakaona heri fomu ilale kabatini. Lakini fomu ikilala kabatini, mwenye nguvu haingoji. Anaendelea kupima mipaka.

Ardhi ya kijiji ni ya aina gani?

Tanzania ina sheria mbili kubwa za ardhi. Zote zilitungwa mwaka 1999 na zilianza kutumika tarehe 1 Mei 2001. Moja ni Sheria ya Ardhi, Namba 4. Nyingine ni Sheria ya Ardhi ya Vijiji, Namba 5. Hii ya pili ndiyo inayotuhusu zaidi sisi wa vijijini.

Ardhi yote ya nchi imegawanywa katika mafungu matatu. Kuna ardhi ya hifadhi, kama vile misitu ya serikali na mbuga za wanyama. Kuna ardhi ya vijiji. Na kuna ardhi ya jumla, ambayo ni ile isiyo ya hifadhi wala ya kijiji.

Ndani ya kijiji nako ardhi inagawanywa. Ipo ardhi ya pamoja: malisho, visima, mabwawa, misitu ya kijiji, njia za mifugo. Ipo ardhi ya watu na familia zao, yaani mashamba na viwanja vya nyumba. Na ipo ardhi ya akiba, ambayo kijiji kinaweza kuwagawia watu baadaye. Halmashauri ya kijiji ndiyo inayopendekeza ardhi ipi iwe ya pamoja. Mkutano mkuu wa kijiji ndio unaokubali au kukataa. Hata kumgawia mtu ardhi, halmashauri haiwezi bila mkutano mkuu kukubali kwanza.

Sasa tazama zile ekari mbili za alizeti. Mama anasema ni shamba. Wafugaji wanasema ni malisho. Zikiandikwa shamba, ng'ombe watapita wapi kwenda majini? Zikiandikwa malisho, watoto wanne watakula nini? Swali hilo ni gumu, na watu wa Hanang wanajua ugumu wake kuliko watu wengi wa nchi hii. Hapa mkulima na mfugaji wanaishi mpaka kwa mpaka, na mara nyingine ni mtu huyo huyo mmoja. Sheria haikusema nani apewe. Ilisema nani aamue, na aamue lini.

Siku zenyewe zinahesabiwaje?

Sheria ya Ardhi ya Vijiji, katika kifungu cha 23, inasema kwamba halmashauri ya kijiji itatoa uamuzi juu ya ombi la hakimiliki ya kimila ndani ya siku 90. Siku hizo zinaanza kuhesabiwa tangu ombi lilipopelekwa. Halmashauri ikimtaka mwombaji alete maelezo zaidi, zinahesabiwa tangu alipoyaleta maelezo hayo, au alipoeleza vizuri kwa nini hawezi kuyaleta.

Tuhesabu pamoja kwa ombi la mama. Alilipeleka tarehe 12 Machi.

Machi ina siku 31. Zilizobaki baada ya tarehe 12 ni siku 19.
Aprili ina siku 30. Jumla siku 49.
Mei ina siku 31. Jumla siku 80.
Zinabaki siku 10 kutimiza 90. Kwa hiyo mwisho ni tarehe 10 Juni.

Halmashauri ikisha kuamua na mwombaji akakubali masharti, zipo siku 90 nyingine ambazo ndani yake hati itolewe. Kwa hiyo mtu asidhani kwamba siku ya 91 atapewa hati mkononi. Siku 90 za kwanza ni za kuamua: ndiyo, au hapana, au ndiyo kwa sehemu.

Kifungu hicho hicho kinaiagiza halmashauri isilitazame ombi la mwanamke kwa jicho la chini kuliko ombi la mwanamume. Na kifungu cha 20 kinasema kwamba mila inayomnyima mwanamke haki ya kumiliki au kutumia ardhi haina nguvu. Shemeji anaweza kusema anavyotaka penye kahawa, lakini halmashauri haiwezi kuyaandika maneno yake kuwa sababu ya kukataa.

Usisahau jambo moja hapa. Siku haziwezi kuhesabiwa kama hakuna tarehe ya kuanzia. Mama wa mfano wetu alifanya jambo la akili. Aliandika nakala mbili. Moja aliiacha ofisini. Nyingine aliomba igongwe mhuri na kuandikwa tarehe ya kupokelewa, akarudi nayo nyumbani. Akaikunja ndani ya mfuko wa nailoni, akampa dada yake wa kijiji kingine amtunzie nakala ya tatu. Watu wa Katesh hawana haja ya kuelezwa sana faida ya hilo. Tarehe 3 Desemba 2023 tope, mawe na magogo yalishuka kutoka Mlima Hanang yakaingia Katesh, Gendabi na Jorodom. Watu zaidi ya 80 walikufa. Nyumba zilisombwa pamoja na vyote vilivyokuwamo.

Kwa nini karatasi? Habari za Mulbadaw

Wazee wengine husema: "Baba zetu walikaa hapa bila karatasi, na hakuna aliyewauliza." Ni kweli kwamba walikaa. Si kweli kwamba hawakuulizwa. Waliulizwa mahakamani, na jibu lao halikutosha.

Kuanzia mwisho wa miaka ya 1960 serikali ilianzisha mashamba makubwa ya ngano katika Hanang. Yaliendeshwa na shirika la umma la NAFCO, na nchi ya Kanada ilisaidia kwa fedha, mitambo na wataalamu. Mashamba yalikuwa saba: Basotu, Setchet, Mulbadaw, Murjanda, Gawal, Warret na Gidagamowd. Kwa jumla yalifika karibu ekari 100,000. Nchi ilihitaji mkate, na ngano ilipatikana kweli. Lakini ardhi hiyo haikuwa tupu. Wabarabaig walichunga humo kwa majira, wakihama kutoka malisho ya masika kwenda ya kiangazi. Makaburi ya wazee wao yalikuwa humo. Trekta likipita halijui kaburi.

Mwaka 1981 halmashauri ya kijiji cha Mulbadaw pamoja na wanakijiji 67 waliishtaki NAFCO katika Mahakama Kuu kule Arusha. Walisema wameingiliwa katika ardhi yao. Mahakama Kuu iliwapa haki. NAFCO ikakata rufani. Mwaka 1985 Mahakama ya Rufani ikatengua hukumu ile. Ilisema kwamba halmashauri ya kijiji haikuonyesha kuwa iligawiwa ardhi ile kwa utaratibu uliotakiwa. Kuwa kijiji kilichoandikishwa peke yake hakukutosha. Nao wanakijiji, mmoja mmoja, walitakiwa wathibitishe kwamba ni wenyeji kwa maana ya sheria ya wakati ule na kwamba waliimiliki ardhi kwa mila. Mahakama ilisema hawakuthibitisha.

Soma tena maneno hayo taratibu. Watu ambao babu zao wamezikwa pale walitakiwa wathibitishe kuwa ni wenyeji. Mwandishi wa somo hili anaona kwamba hukumu ile ilikuwa ngumu mno kwa watu ambao hakuna ofisi iliyowahi kuwapa karatasi. Lakini ndivyo mahakama inavyofanya kazi. Inapima kile kilichowekwa mezani.

Miaka miwili baadaye, mwaka 1987, serikali ilitoa amri ya kufuta haki za kimila katika ardhi ya vijiji vingi vya Mkoa wa Arusha. Wakati huo Hanang ilikuwa katika mkoa huo. Mkoa wa Manyara ulianzishwa mwaka 2002. Mwaka 1992 Bunge likatunga sheria iliyofanana na amri hiyo, kwa ajili ya vijiji vyote vilivyoundwa wakati wa Operesheni Vijiji. Sheria hiyo iliwazuia watu hata kwenda mahakamani.

Safari hii mambo yalikwenda tofauti. Baba mmoja na mwanawe, wa kijiji cha Kambi ya Simba, kule Mbulumbulu katika nchi ya Karatu, walikuwa wameshinda kesi na kurudishiwa shamba lao. Sheria ya 1992 ilitaka kuwanyang'anya tena. Walikwenda Mahakama Kuu ya Arusha, kisha shauri likafika Mahakama ya Rufani. Mwezi Desemba 1994 mahakama hiyo, ikiongozwa na Jaji Mkuu Francis Nyalali, ilisema kwamba haki ya mtu katika ardhi yake ya kimila ni mali, na mali inalindwa na Katiba. Haiwezi kuchukuliwa bila fidia ya haki. Ikasema pia kwamba watu hawawezi kufungiwa mlango wa mahakama. Vifungu vibaya vya sheria ile vikafutwa.

Mashamba ya NAFCO nayo hayapo tena kama yalivyokuwa. Serikali iliyaacha, na sehemu yake ikarudi kwa wananchi. Huko Waret ndiko zilikojengwa nyumba za watu waliopoteza makazi yao katika tope la mwaka 2023.

Sasa turudi kwenye kabati la ofisi ya kijiji. Tumeona kwamba mila inalindwa, ila mwenye haki anatakiwa aionyeshe. Halmashauri inapokaa na fomu mwaka mzima, inamwacha mama katika hali ile ile waliyokuwamo watu wa Mulbadaw: yupo shambani kwake, lakini mkononi hana kitu.

Mahakama inaweza kufanya nini?

Ofisi ya umma ikikataa kufanya kazi ambayo sheria imeiagiza ifanye, Mahakama Kuu inaweza kuiamuru ifanye. Amri hiyo ina jina la Kilatini: mandamusi. Maana yake ni "tunaamuru". Ni amri ya zamani sana, ilitoka Uingereza, na mahakama zetu zinaitumia mpaka leo.

Sikiliza vizuri amri hii inasema nini, maana hapa wengi hukosea. Haisemi: "Mpeni mama shamba." Haisemi: "Wapeni wafugaji malisho." Inasema: "Kaeni, mwamue." Jaji hakai katika kiti cha halmashauri ya kijiji. Haijui njia ya ng'ombe wala mpaka wa alizeti. Kazi ya kuamua imewekwa na sheria mikononi mwa halmashauri na mkutano mkuu, na jaji anawarudishia kazi yao. Anaweza kuwawekea muda. Anaweza kuwaagiza wawasikilize wote wanaohusika. Lakini jibu lenyewe ni lao. Mtu anayekwenda mahakamani akitegemea kurudi na hati atarudi amekata tamaa. Akienda akitegemea kurudi na tarehe ya uamuzi, huyo ameelewa.

Na mahakama haitoi amri hii kwa kila anayeiomba. Katika hukumu ya mwaka 1986, iliyohusu mfanyabiashara wa Bukoba aliyedai mali yake iliyoshikwa na wakuu wa mkoa, Jaji Mwalusanya wa Mahakama Kuu alieleza mambo ambayo mwombaji atatakiwa kuonyesha. Kwanza, awe amedai kazi ile ifanywe, na wahusika wamekataa. Kazi yenyewe iwe ni wajibu uliowekwa na sheria, na iwe inamhusu mwananchi, si serikali peke yake. Iwe ni kazi ya lazima, si ya hiari. Mwombaji awe ni mtu anayeguswa na jambo lile. Na kusiwe na njia nyingine inayofaa ya kupata haki hiyo.

Angalia hilo la kwanza: awe amedai. Kudai kwa mdomo ofisini, mara kumi, ni kudai. Lakini utamwonyesha nini jaji? Ndiyo sababu barua.

Angalia pia hilo la lazima na hiari. Halmashauri ina hiari ya kusema ndiyo au hapana. Haina hiari ya kukaa kimya, kwa sababu sheria imeweka siku 90. Vitu hivi viwili vinafanana kwa mbali, kama mbuzi na kondoo penye giza. Ukiwakaribia utaona tofauti.

Kuna mambo mengine ambayo sheria haikuwekea siku. Kwa mfano, kikundi cha wafugaji kinaweza kuiomba halmashauri ipeleke kwenye mkutano mkuu pendekezo la kutenga malisho yawe ardhi ya pamoja. Hapo hakuna siku 90. Mwombaji itampasa aonyeshe kwamba muda uliopita umezidi kiasi. Ni kazi ngumu zaidi, na barua zenye tarehe zinahitajika zaidi.

Njia ya Mahakama Kuu ni ndefu na ina gharama. Kwanza unaomba kibali cha kuleta maombi. Kibali hicho kiombwe ndani ya miezi 6 tangu tendo au kosa la kutotenda. Ukipewa, una siku 14 za kuleta maombi yenyewe. Kuna hati ya kiapo ya kuandikwa, na wakili wa serikali atajibu. Hii si kazi ya kuibeba peke yako. Tangu mwaka 2017 tuna Sheria ya Msaada wa Kisheria, na katika wilaya nyingi wapo wasaidizi wa kisheria ambao mtu asiye na fedha anaweza kuwaendea. Uliza katika ofisi ya ustawi wa jamii ya wilaya.

Tena usichanganye kuchelewa na mgogoro. Kama shemeji amevuka mpaka na kulima, huo ni mgogoro wa ardhi. Unaanzia kwenye Baraza la Ardhi la Kijiji. Baraza hilo lina wajumbe saba, na watatu wao ni wanawake. Kazi yake ni kupatanisha. Baraza la Kata nalo, tangu sheria ilipobadilishwa mwaka 2021, linapatanisha tu, halitoi hukumu ya ardhi. Anayetoa hukumu ni Baraza la Ardhi na Nyumba la Wilaya. Halafu ndipo Mahakama Kuu.

Wenzetu wa India

Jambo hili si la kwetu tu. Kusini mwa India kuna jimbo linaloitwa Kerala. Huko watu hula wali kila siku, na mabonde ya mpunga yalikuwa yakifukiwa kwa udongo ili kujenga nyumba. Mwaka 2008 jimbo lilitunga sheria ya kulinda mashamba ya mpunga na ardhi ya majimaji. Mashamba yote ya namna hiyo yaliorodheshwa katika daftari. Shamba likiwa katika daftari, mwenyewe haruhusiwi kulifukia.

Lakini daftari likiandikwa na watu huingia makosa. Wengine walikuta viwanja vyao vikavu, vyenye minazi ya miaka mingi, vimeandikwa kuwa mashamba ya mpunga. Wakapeleka maombi kwa ofisa wa serikali wa eneo lao ili waondolewe katika daftari. Maombi yakawa mengi, ofisa ni mmoja. Basi watu wakaenda Mahakama Kuu ya Kerala, na mahakama hiyo imetoa amri za namna moja mara nyingi sana: ofisa alitazame ombi, akikague kiwanja au apate picha zilizopigwa kutoka angani, na aamue katika miezi michache aliyowekewa. Mahakama haikuwaambia maofisa kwamba kiwanja ni kikavu. Iliwaambia waende wakatazame.

Sheria ile ya Kerala ni nzuri, maana inalinda chakula cha watu. Hata hivyo sheria nzuri inaweza kumwonea mtu kama ofisi haijibu.

Barua ya mama

Tarehe 11 Juni, siku ya 91, mama alikaa mezani kwa mwalimu akaandika barua hii:

*Kwa Mwenyekiti,*
*Halmashauri ya Kijiji.*

*Ndugu Mwenyekiti,*

*Mimi ni mkazi wa kitongoji cha chini. Tarehe 12 Machi nilileta ombi la hakimiliki ya kimila kwa shamba la ekari sita. Nakala yenye mhuri wa ofisi ninayo. Siku 90 zilizotajwa katika kifungu cha 23 cha Sheria ya Ardhi ya Vijiji zilitimia jana. Sijapata jibu, wala sijaombwa maelezo zaidi.*

*Naomba halmashauri ikae na kuamua. Nasikia wapo wanaosema sehemu ya shamba ni njia ya ng'ombe. Naomba waitwe, nami niitwe, tusikilizwe pamoja shambani. Kama halmashauri itakataa, naomba niandikiwe sababu.*

*Nakala ya barua hii nimempelekea Mtendaji wa Kata na Mkurugenzi wa Halmashauri ya Wilaya, Katesh.*

*Wako katika ujenzi wa kijiji.*

Barua si ya matusi. Haimtishi mtu. Haitaji hata mahakama. Ila ina tarehe, ina kifungu, na ina nakala kwa wakubwa wawili. Mwenyekiti aliisoma mara mbili. Jioni alimwendea mama nyumbani.

"Mama, mbona umetushtaki wilayani?"

"Sikushtaki, Mwenyekiti. Karibu kiti. Nimeuliza tu."

"Ungeniambia mimi."

"Nilikuambia mwezi wa tatu, wa nne na wa tano."

Mwenyekiti alinyamaza, akanywa chai.

Halmashauri ilikaa wiki mbili baadaye. Wajumbe walikwenda shambani pamoja na mama, shemeji, na wazee watatu wa wafugaji. Wazee walionyesha alama za njia: mti wa mgunga na jiwe kubwa lililolala. Mama alikubali kwamba marehemu mume wake alikuwa akiwaacha ng'ombe wapite hapo baada ya mavuno. Walibishana mpaka jua likapinda. Mwishowe halmashauri ilipendekeza, na mkutano mkuu ukakubali, kwamba ekari tano ziandikwe kwa jina la mama, na ukanda wa upande wa magharibi uandikwe njia ya mifugo, ardhi ya pamoja. Shemeji aliambiwa kwamba maneno yake ya mwanamke hana shamba hayawezi kuandikwa.

Mama hakufurahi. Ekari moja ya alizeti si kitu kidogo. Wafugaji nao walitaka ekari zote mbili. Lakini mtu wa mjini hakuonekana tena kwenye mpaka wa chini, na mwaka huo mama alipanda akijua anavuna wapi.

Maneno mapya

*Hakimiliki ya kimila:* haki ya kumiliki ardhi ya kijiji inayotambuliwa na sheria.
*Kabidhi:* kumpa mtu kitu mkononi akitunze.
*Nakala:* maandishi mengine yaliyo sawa na yale ya kwanza.
*Rufani:* kupeleka shauri kwa mahakama ya juu baada ya kushindwa.
*Tengua:* kufuta uamuzi uliotolewa.

Maswali ya kuzungumza darasani

1. Kwa nini halmashauri ilikaa kimya? Je, ninyi mngekuwa wajumbe mngefanya nini siku ya kwanza?
2. Watu wa Mulbadaw walikosa nini mahakamani mwaka 1985?
3. Mahakama ikitoa amri ya mandamusi, nani anaamua shamba ni la nani?
4. Je, mama alionewa kwa kukatwa ekari moja? Wakulima na wafugaji wa darasa waseme kila upande.

Kazi ya kufanya nyumbani

Mtu amepeleka ombi lake tarehe 5 Julai. Tarehe 20 Agosti halmashauri ilimwomba alete barua ya majirani wa mpaka. Aliikabidhi ofisini tarehe 1 Septemba. Hesabu siku 90 mara mbili: kwanza kama asingeombwa barua ile, kisha baada ya kuileta. Andika tarehe zote mbili katika daftari lako. Halafu andika barua fupi ya kuuliza jibu, kwa tarehe iliyo sahihi, na uilete darasani pamoja na nakala yake.